Sinema Ina Mkasi, Shamba Halina



Siku hizi mtu akitaka kujifunza kazi hufungua simu akatazama picha. Jambo hili si geni. Mwaka 1895, huko Lyon, Ufaransa, ndugu wawili, Auguste na Louis Lumière, walipiga picha za wafanyakazi wakitoka katika kiwanda chao, na nyingine za wahunzi wakifua chuma. Sinema hizo hazikuwa na sauti, tena kila moja haikufika dakika moja.

Kwetu Afrika ya Mashariki, kati ya 1935 na 1937, Mabwana L. A. Notcutt na G. C. Latham walitengeneza sinema 35 huko Vugiri, katika milima ya Usambara, Tanganyika. Zilionyesha kazi ya chai, ngozi, mmomonyoko wa udongo, na wakulima wadogo wa Kingolwira karibu na Morogoro. Picha zenyewe zilikuwa bubu. Maneno yalitoka katika sahani za santuri. Lori lilizipeleka mpaka Kenya, Uganda, na nchi ambazo leo ni Malawi na Zambia.

Faida yake ilikuwa kuonyesha kazi hatua kwa hatua. Lakini angalia: mpiga picha ana mkasi. Mbegu yapandwa, na mara gunia limejaa. Miezi ya katikati imekatwa.

Jirani yangu hapa Eldoret alipata hasara kwa sababu hiyo. Aliona katika simu mahindi yakivunwa, yakipukuchuliwa na kutiwa ghalani kwa dakika tatu. Naye akafanya vivyo hivyo, bila kuanika. Kufika Januari, magunia kumi na mawili yalikuwa yameota ukungu. Hata ng'ombe hakupewa, maana ukungu huo una sumu. Karo ya watoto ilikuwa mle mle.

Basi, kila utazamapo picha ya kazi, uliza: Kimekatwa nini? Siku ngapi? Shilingi ngapi? Kwa mahindi ya kuweka ghalani, unyevu usizidi asilimia 13.5. Kama huna kipimo, tia mahindi na chumvi kavu katika chupa kavu, utikise, kisha uiache itulie. Chumvi ikinata kwenye chupa, rudisha mahindi juani. Isiponata, yamekaribia; peleka kidogo yapimwe kabla hujafunga gunia.