Vyeo vya Askari na Matamshi ya Kiingereza

Kiswahili kimetuzoesha vema: herufi iliyoandikwa hutamkwa. Kiingereza hakina desturi hiyo, na ushahidi hauko mbali, kwani maneno ya jeshini peke yake yatosha.

Tazama neno "colonel". Mwanafunzi huona L mbili, naye husoma "kolonel". Kumbe Waingereza husema "kanel", sawasawa na "kernel", yaani kiini cha kokwa. Asili yake ni neno la Kiitaliano "colonnello", litokalo katika "colonna", maana yake safu, kwa kuwa mkubwa huyo aliongoza safu ya askari. Wafaransa wa karne ya 16 waliligeuza kuwa "coronel", na Waingereza wakalipokea hivyo. Baadaye waandishi waliirudisha L ya Kiitaliano, lakini ndimi za watu zikashika R. Wamarekani huitamka R hiyo hata leo. Kwa Waingereza wengi imekwisha kufifia.

"Lieutenant" ni la Kifaransa: mwenye kushika mahali, yaani anayekaimu nafasi ya mkubwa wake. Uingereza hutamkwa "leftenant", Marekani "lutenant", na kila moja ni sahihi kwao. "Sergeant" hutamkwa "saajent", nalo latokana na neno la Kilatini lenye maana ya kutumikia.

Neno la kuangaliwa zaidi ni "corps", yaani kikosi. Hutamkwa "koo", kama koo la mtu. P na S hazisomwi. Likiongezwa E mwishoni, "corpse", hutamkwa "koops", na maana yake ni maiti. Yote mawili yamezaliwa na neno moja la Kilatini, "corpus", yaani mwili. Hebu fikiri mtoto akimsomea mama barua ya baba aliyehamishiwa kikosi cha matibabu, kisha atamke maiti badala ya kikosi! Hata Rais Barack Obama wa Marekani, ambaye Kiingereza ni lugha yake ya kuzaliwa, aliteleza hapo hotubani mwezi Februari 2010: alimtaja "corpsman", yaani mganga wa jeshi la majini, kwa matamshi ya maiti.

Kwa hiyo haifai mzazi kumcheka mtoto akosapo, wala askari kuona haya kuuliza. Kosa hilo halitokani na upungufu wa akili, bali na safari ndefu ya neno lenyewe. Yafaa nyumbani pawe na kamusi ionyeshayo matamshi, na daftari lenye safu tatu: neno, matamshi, maana.

Tena tunayo akiba yetu. Kanali, sajini na koplo tumeyaandika kama sikio lilivyosikia. Mtoto ajuaye kusema "kanali" amekwisha kuyakaribia matamshi ya "colonel". Lililobaki ni kumwonyesha kwamba neno ni lile lile.