Motokari ya wengine, jasho yetu: funzo la Uttarpara



Siku hizi kila mutu anazungumuza batri. Wakubwa wanasema kobalti yetu haitatoka tena kama udongo mutupu, itageuzwa hapa hapa. Mu mwezi wa nne 2022 Kongo na Zambia zilitia sahihi mapatano juu ya kazi hiyo. Kuna wanaosema ya kama siku moja motokari za umeme zitaunganishwa mu inchi yetu. Ni habari nzuri. Lakini mbele ya kupiga makofi, tuangalie wale waliotutangulia mu njia hiyo. Kuunganisha motokari iliyochorwa na wengine si jambo jipya. Wahindi walifanya hivyo miaka zaidi ya makumi tano, na siku mambo yalipoharibika, mutumikaji njo alibeba muzigo.

Kiwanda chenye gare yake

Hindustan Motors ilianzishwa mwaka 1942 na B.M. Birla, mutajiri wa Kihindi. Mwaka 1948 kazi ilihamia Uttarpara, karibu na muji wa Calcutta. Mu miaka ya 1950 sosiete ilipata kwa Morris, sosiete ya Uingereza, haki ya kutengeneza motokari inaitwa Morris Oxford. Wahindi wakaipa jina Ambassador.

Serikali ya India ilikuwa na musimamo mukali. Ilisema: anayetaka kuuza motokari hapa atengeneze vipande hapa, asilete makasha ya vipande ya kufunga bulo tu. Ford na General Motors, zilizokuwa zinaunganisha tu, zikafunga milango na kwenda. Zikabaki sosiete tatu kubwa za motokari ndogo: Hindustan, Premier iliyotengeneza Fiat, na Standard ya Madras. Motokari za inje karibu zote zilizuiwa.

Kwa hiyo Uttarpara haikuwa hangari ya kufunga bulo. Walikuwa wanayeyusha chuma, wanakanda bati, wanatengeneza injini. Watumikaji walikaa kando ya kiwanda, na gare ya treni ya pale inaitwa Hind Motor mupaka leo. Sisi tuliokomalia mu kambi za sosiete tunajua maisha ya namna ile: sirene inalia, muji muzima unaamuka.

Ambassador ikawa motokari ya mawaziri, ya wakubwa wa jeshi na ya mataksi ya Calcutta. Munanuzi alilipa, kisha akangojea miaka. Na pale njo ugonjwa uliingia. Kama mutu anangojea miaka kwa kupata motokari yako, utachora mupya juu ya nini? Walibadilisha sura ya mbele na taa, wakaongeza namba: Mark II, Mark III, Mark IV. Lakini mwili ulibaki ule ule wa Morris ya miaka ya 1950.

Mushindani anafika

Mu mwezi wa kumi na mbili 1983 Maruti, sosiete ya serikali ya India pamoja na Suzuki ya Japani, ilitoa motokari ndogo, nyepesi, ya kunywa mafuta kidogo. Watu wakakimbilia kule. Hindustan ikaenda kutafuta injini ya Isuzu, ni kusema ikaazima tena akili ya wengine. Mu miaka ya 1980 ilitoa Ambassador karibu 24.000 kwa mwaka. Mu mwaka wa mwisho iliuza karibu 2.200.

Tarehe 24 mwezi wa tano 2014, watumikaji zaidi ya 2.000 wa Uttarpara walikuta tangazo: kazi imesimama. Sosiete ilitoa sababu zake: watu hawanunue tena Ambassador, feza hakuna, deni ni nyingi, kazi inaenda polepole, na nidhamu ya watumikaji imeharibika. Wandugu, musome tena ile sababu ya mwisho. Motokari ilikaa na mwili ule ule zaidi ya miaka makumi tano, lakini hesabu ya makosa inafika mupaka kwa mwenye kushika spana. Mutumikaji hana nafasi mu biro ya kuchora. Hakuchagua kukaa bila motokari mupya.

Mwaka 2017 jina Ambassador liliuzwa kwa Peugeot ya Ufaransa, rupia milioni 800, karibu dola milioni 12. Jina lilipata munanuzi. Watumikaji hawakuwa mu ile biashara.

Wakorea walianza vile vile

Musiseme ya kama kuunganisha ni laana. Hyundai ya Korea Kusini ilianzishwa mwaka 1967, na mwaka 1968 ilikuwa inaunganisha Ford Cortina pale Ulsan. Ni kazi ile ile ya bulo. Lakini haikulala. Mwaka 1974 ilimuleta George Turnbull, mukubwa wa zamani wa British Leyland, aongoze kazi. Ilimulipa Giugiaro wa Italia achore motokari. Injini ilitoka kwa Mitsubishi. Mwaka 1975 Pony ikatoka, na mwaka uliofuata ikauzwa Ecuador. Mwaka 1991 wakawa na injini yao wenyewe. Na watumikaji wa Ulsan waliunda sendika yao mwaka 1987, mu migomo mikubwa ya mwaka ule.

Tofauti ni hii: Mukorea alilipa mwalimu ili siku moja asimuhitaji tena. Uttarpara ilipewa ulinzi wa kujifunzia, ikautumia kwa kulala.

Tuulize nini?

Siku patroni atakuja kutuonyesha mapicha ya kiwanda cha batri ao cha motokari, madelege wetu wasiulize mushahara peke yake. Waulize: michoro ni ya nani? Vijana wetu wangapi watafundishwa kazi ya kuchora na ya laboratware, na mu miaka mingapi? Kipande gani kitatengenezwa hapa mwaka wa kwanza, kipande gani mwaka wa tano? Kama serikali inazuia bidhaa za inje kwa kutulinda, ulinzi ule utaisha lini, na nani anaangalia kama sosiete inajifunza? Na kiwanda kikifungwa, malipo ya watumikaji yamewekwa wapi, mbele ya deni za benki ao nyuma?

Majibu yaandikwe mu konvansio kolektive, na sahihi chini. Na ninyi wazazi, mutoto mwenye kupenda mahesabu musimutoe ku masomo juu ya kwenda kusafisha mawe. Ile biro ya kuchora itatafuta watu, na wasipotoka mu kambi zetu watatoka mbali.