Mwana Kupona: Mke wa Mtawala, Malenga wa Siyu

Mwana Kupona binti Msham, aliyezaliwa Pate mwanzoni mwa karne ya 19, aliolewa na Bwana Mataka, mtawala wa Siyu, mji ambao katika miaka ya 1840 ulisimama dhidi ya majeshi ya Sultani Sayyid Said wa Unguja na kuyashinda. Neno "Mwana" katika jina lake halimaanishi mtoto, bali ni neno la heshima ambalo watu wa visiwa vya Lamu humtajia mwanamke wa kiungwana, kama watu wa pwani ya Mrima, upande wa kusini, wanavyosema "Bibi". Bwana Mataka alifariki mwaka 1856, na takriban miaka miwili baadaye mjane huyo, akiwa taabani kwa maradhi ambayo hakupona tena, alitunga utendi wa kumuusia binti yake, Mwana Hashima.

Utendi, ambao watu wa kusini huuita utenzi, ni shairi refu lenye beti za mishororo minne, kila mshororo ukiwa na mizani nane, yaani silabi nane. Mitatu ya kwanza hupatana kwa kina kimoja, na wa nne hubeba kina kisichobadilika tangu mwanzo hadi mwisho. Ni bahari hiyohiyo ya ushairi ambayo malenga Hemedi bin Abdallah aliitumia kusimulia vita vya Wadachi (Wajerumani) vilivyoikumba Mrima, Bagamoyo na Saadani zikiwamo, ila beti zake zinanguruma kwa bunduki, na beti 102 za Mwana Kupona hazitoki chumbani.

Mama anamwita binti aje karibu na wino na karatasi, kisha anampa hirizi aifunge kwa uzi, na kidani cha lulu na marijani, navyo vyote ni maneno. Anamtaka ashike dini na kuuchunga ulimi, asimwamshe mume kwa kelele anapolala, amfukizie udi, na yeye mwenyewe asijiache: aoge, ajisinge kwa manukato, afunge nywele, atunge asumini.

Wapo wanaouona utendi huu kuwa mafunzo ya utiifu tu, na kweli radhi ya mume imefanywa humo kuwa njia ya peponi. Lakini anayeusia ni mwanamke aliyekwisha kuipata radhi hiyo na kumzika aliyempa, na sasa anaona binti atabaki bila mlezi. Ndiyo maana sehemu ya mwisho inamwacha mume kabisa na kugeuka dua, mama akiwaombea wanawe na jamaa zake, akijiombea na afya, na hapo ndipo utendi unapochoma zaidi.

Mwana Kupona alifariki karibu mwaka 1860. Utendi ulinakiliwa kwa hati za Kiarabu na kuhifadhiwa vifuani, na Mwingereza Alice Werner, aliyefika Lamu mwanzoni mwa karne ya 20 na kuuchapisha mwaka 1917, alimkuta Mwana Hashima angali hai, yule binti aliyeitwa na wino na karatasi, sasa akiwa bibi kizee.