KIKUNDI CHENU KINAWEZA KUUONA MJI MKONGWE WA ZANZIBAR

Watu wengi wa vijijini husema, "Kutembelea miji ya kale ni kazi ya Wazungu wenye kamera." Husema hivyo kwa sababu mbili. Kwanza, wanaona kwamba safari ni ghali mno. Pili, wanafikiri kwamba mambo ya kale ya pwani hayawahusu.

Sababu zote mbili si za kweli. Mkienda kwa kikundi, gharama hupungua sana. Tena, historia ya mji ule ni historia yako pia, hata kama kijiji chako kiko mbali na bahari. Soma habari hii, kisha ijadilini katika kikundi chenu.

MJI WENYEWE

Mji Mkongwe ni sehemu ya zamani ya mji wa Zanzibar, upande wa magharibi wa kisiwa cha Unguja. Nyumba zake zimejengwa kwa mawe ya matumbawe, chokaa na boriti za mikoko. Vichochoro vyake ni vyembamba. Katika vingi gari haliwezi kupita. Kwa hiyo watu hutembea kwa miguu. Hilo ni jambo jema kwa mwenye fedha kidogo, maana ndani ya mji hahitaji kukodi gari.

Mwaka 2000 shirika la UNESCO liliuweka mji huu katika orodha ya Urithi wa Dunia.

Mji huu unamhusuje mtu wa bara? Katika karne ya 19 Sultani Seyyid Said wa Omani alihamishia makao yake Unguja. Biashara ikakua. Misafara ilitoka pwani ikaenda Tabora, Ujiji, mpaka nchi ya Kongo. Ilirudi na pembe za ndovu na watumwa. Wapagazi wengi wa misafara hiyo walikuwa Wanyamwezi. Misafara mingine ilitoka upande wa Ziwa Nyasa ikashukia Kilwa. Watu wengi waliotekwa waliishia katika soko la Unguja. Huenda baadhi yao walitoka katika nchi ya babu zako.

ANZENI NA HESABU

Haba na haba hujaza kibaba. Msiuze mbuzi wala debe la mahindi ya chakula kwa ajili ya safari. Anzeni kuweka fedha miezi mingi kabla. Chagueni mweka hazina mwaminifu. Kila mchango uandikwe katika daftari, na kila mtu aone jina lake.

Tazameni mfano huu. Si bei za kweli, ni hesabu ya kujifunzia. Kikundi kina watu 15. Kila mtu anaweka shilingi 2,000 kwa wiki. Baada ya wiki 40 kila mtu ana shilingi 80,000. Kikundi kizima kina shilingi 1,200,000.

Sasa tuseme mwongoza watalii anataka shilingi 60,000 kwa kikundi kizima. Mtu aliyekwenda peke yake angelipa zote 60,000. Ninyi mkiwa 15, kila mmoja atalipa 4,000 tu. Hiyo ndiyo faida ya kwenda pamoja.

Kabla ya kuondoka, andikeni matumizi yote: nauli ya basi, nauli ya boti, chakula, viingilio, mwongoza watalii, na malazi kama mtalala. Wekeni pia fedha kidogo ya dharura. Mtu anaweza kuumwa njiani.

Angalieni na majira. Miezi ya Julai na Agosti wageni wa nje huwa wengi, na nyumba za kulala huweza kupanda bei. Kikundi kilichokwisha kufika Dar es Salaam kinaweza kuvuka kwa boti ya asubuhi na kurudi jioni. Hivyo mtaokoa fedha ya kulala Unguja.

CHAGUENI CHOMBO SALAMA

Kutoka Dar es Salaam, boti za mwendo wa kasi huchukua kama saa 2 kufika Unguja. Chukueni vitambulisho vyenu. Mtanzania hahitaji pasipoti kwenda Zanzibar, lakini wakata tiketi hutaka kujua jina la kila msafiri. Semeni kwamba ninyi ni wananchi, kwa sababu nauli ya mgeni wa nje ni kubwa zaidi. Kateni tiketi dirishani, si kwa mtu wa njiani.

Msitafute urahisi kwa kupanda chombo kilichojaa kupita kiasi. Mwezi wa Septemba mwaka 2011 meli ya Spice Islander ilizama ikitoka Unguja kwenda Pemba. Ilikuwa imebeba watu wengi kuliko uwezo wake. Mwezi wa Julai mwaka 2012 meli ya Skagit ilizama ikitoka Dar es Salaam kwenda Unguja. Watu wengi walikufa. Mkiona chombo kimejaa mno, ngojeni kingine. Mkiingia, tazameni kwanza maboya ya kujiokolea yako wapi.

PATENI MWONGOZA WATALII WA HALALI

Je, ni lazima kuwa na mwongozaji? Mnaweza kutembea wenyewe. Lakini mtaona kuta na milango tu. Mwongozaji mzuri hueleza nani alijenga, kwa nini, na nini kilitokea.

Mwongozaji wa halali ana kitambulisho cha Kamisheni ya Utalii Zanzibar. Mwombeni awaonyeshe. Msione haya. Bandarini mtakutana pia na vijana wasio na kibali. Wenyeji huwaita "papasi". Wewe wamjua papasi. Ni mdudu anayenyonya damu ya mtu aliyelala. Basi usilale.

Kabla ya kupiga hatua ya kwanza, patana naye mambo haya:

1. Bei ni ya kikundi kizima au ya kila mtu?
2. Viingilio vimo ndani ya bei hiyo?
3. Tutatembea saa ngapi?
4. Tutafika mahali gani?

Mwambieni pia kwamba hamkuja kununua vinyago. Waongozaji wengine hupewa fungu na wenye maduka, kwa hiyo hupoteza saa nzima madukani. Viingilio navyo huwa na bei mbili mahali pengi. Bei ya mwananchi ni ndogo. Ulizeni.

Ninyi mnayo bahati moja kuliko mgeni kutoka Ulaya. Yeye husikia habari za mji kwa lugha ya kigeni. Ninyi mtazisikia kwa Kiswahili, katika nchi ya Kiswahili chenyewe.

MTAONA NINI

Ukitoka bandari ya Malindi, tembea kando ya bahari. Utaona jengo lenye vibaraza vya mbao vilivyochongwa. Hilo ni la Tharia Topan, tajiri wa Kihindi. Lilikamilika mwaka 1894. Baadaye likawa zahanati.

Endelea mbele. Utafika Beit el Ajaib, yaani Jumba la Maajabu. Sultani Barghash alilijenga mwaka 1883. Lilikuwa refu kupita nyumba zote za mjini. Baadaye likatiwa taa za umeme na lifti. Tarehe 25 Desemba mwaka 2020 sehemu kubwa ya jumba hili iliporomoka wakati wa ukarabati. Watu wawili walikufa. Kwa hiyo ulizeni kwanza kama wageni wanaruhusiwa kuingia. Msisogelee ukuta uliozungushiwa uzio.

Mahali hapo ndipo palipopigwa mizinga tarehe 27 Agosti mwaka 1896. Khalid bin Barghash alitwaa ufalme bila ya idhini ya Waingereza. Meli zao za vita zikapiga jumba lake. Vita vilikwisha kabla ya saa moja kupita. Watu kama 500 wa upande wa Khalid waliuawa au kujeruhiwa. Mwongozaji akiwaambia kwa kicheko kwamba hivyo ni vita vifupi kuliko vyote duniani, wakumbukeni watu hao 500.

Karibu na hapo iko Ngome Kongwe. Waarabu wa Omani waliijenga baada ya kuwafukuza Wareno, mwishoni mwa karne ya 17. Ndani yake mtaona mabaki ya kanisa la Wareno.

Kisha ingieni vichochoroni. Tazameni milango. Mafundi waliichonga maua, minyororo na samaki. Mingine ina aya za Kurani juu yake. Mingine ina misumari mikubwa ya shaba. Mlango mkubwa ulionyesha utajiri wa mwenye nyumba.

MKUNAZINI, MAHALI PA SOKO LA WATUMWA

Hapa msiharakishe. Katika mtaa wa Mkunazini palikuwa na soko la watumwa. Mwaka 1873 Sultani Barghash alitia saini mkataba na Waingereza, na soko likafungwa. Mwaka huohuo likawekwa jiwe la msingi la kanisa la Anglikana mahali hapohapo. Kazi ilisimamiwa na Askofu Edward Steere. Altare ya kanisa, kama inavyosimuliwa, iko mahali uliposimama mti wa kuchapia watumwa viboko.

Nje ya kanisa kuna sanamu za watu watano ndani ya shimo. Shingoni wamefungwa minyororo. Sanamu hizo zilichongwa na Clara Sörnäs mwaka 1998. Kuna pia maonyesho ya picha na maandishi juu ya utumwa. Wewe uliyejifunza kusoma, soma maandishi hayo mwenyewe.

Wageni hupelekwa pia katika vyumba vya chini, vyenye giza na hewa kidogo. Waongozaji wengi husema kwamba watumwa walifungiwa humo. Wanahistoria wengine hawakubali. Wanasema kwamba vyumba hivyo vilijengwa baada ya soko kufungwa, vikawa stoo ya hospitali ya misheni. Muulize mwongozaji wako, "Wewe umejuaje?" Kuuliza si ujinga. Mwongozaji mzuri atafurahi. Na hata kama vyumba vile ni vya baadaye, soko lilikuwapo, na watu waliuzwa.

CHAKULA NA ADABU

Kutoka Mkunazini ni karibu kufika soko la Darajani, lililojengwa mwaka 1904. Mtaona samaki, matunda na viungo. Chakula cha bei nafuu hupatikana maeneo hayo. Kuleni urojo, mkate na chai pamoja na wenyeji. Jioni mnaweza kukaa katika bustani ya Forodhani, mbele ya bahari. Hapo huuzwa mishikaki, samaki na juisi ya miwa. Ulizeni bei kabla ya sahani kujazwa.

Wenyeji wengi wa mji ni Waislamu. Vaeni nguo za heshima. Mwanamke akiwa na kanga au mtandio atakuwa tayari kwa kila mahali. Msile wala kunywa hadharani mchana wa mwezi wa Ramadhani. Msimpige mtu picha bila ya ruhusa yake. Msichungulie ndani ya milango. Ile ni milango ya nyumba za watu. Pigeni hodi, salimieni, nanyi mtapokewa vizuri.

MKIRUDI KIJIJINI

Safari haiishii bandarini. Kila mmoja aandike mambo matatu aliyoyaona. Mkirudi, yasomeni mbele ya wenzenu ambao hawakwenda. Mweka hazina naye asome matumizi yote, shilingi kwa shilingi. Kikundi kinachotoa hesabu safi kitapata watu wengi zaidi kwa safari ijayo.

Tena waulizeni wazee wa kijiji: misafara ilipita hapa kwetu? Nani alichukuliwa? Nani alitoroka? Wakati wa soko la Mkunazini watu wa bara walifika Unguja wakiwa wamefungwa minyororo. Leo mjukuu wao anafika kwa tiketi yake mwenyewe, anauliza maswali, na anarudi nyumbani jioni.

Mambo haya hayakuandikwa kwa ajili ya watalii tu. Siti binti Saad alizaliwa kijiji cha Fumba, kusini ya mji. Alikuwa akiuza vyungu vya udongo. Mwaka 1911 alihamia mjini, akaimba kwa Kiswahili. Mwaka 1928 alikwenda Bombay, Bara Hindi, nyimbo zake zikatiwa katika sahani za santuri. Shaaban Robert aliandika kitabu juu ya maisha yake. Mtu wa kijijini naye yumo katika historia ya Mji Mkongwe. Mwulizeni mwongozaji wenu habari za mama huyo.

MASWALI YA KUJADILI

1. Kikundi chetu kina watu wangapi? Kila mtu anaweza kuweka shilingi ngapi kwa wiki bila ya kupunguza chakula cha nyumbani?
2. Nani anafaa kuwa mweka hazina wetu? Kwa nini?
3. Tutamtambuaje mwongoza watalii wa halali?
4. Wazee wetu wanakumbuka nini juu ya misafara ya zamani?