Kumchana na Kumwosha Mbwa: Najisi Iko Wapi?

Sitalike, kijiji kilicho langoni mwa Hifadhi ya Taifa ya Katavi, kusini ya mji wa Mpanda, mwenye mbuzi au shamba ana haja ya kweli ya mbwa. Haja hiyo sharia inaitambua. Katika Hadithi walizopokea Bukhari na Muslim, Mtume (S.A.W.) aliwatoa mbwa wa mifugo, wa kuwinda na wa shamba katika onyo la kupungukiwa thawabu kwa mwenye kufuga mbwa. Lakini wapo ndugu zetu wanaomfuga kisha wakamtelekeza, manyoya yakasokotana na kupe wakajaa masikioni, kwa hoja kwamba ni najisi, hashikiki. Mwenye manyoya marefu ndiye huteseka zaidi, kwani kupe hujificha ndani.

Ndugu msomaji, wanazuoni wamekhitilafiana. Imam Malik anamwona mbwa hai kuwa tohara. Kwa Hanafi najisi ni mate, si manyoya. Sisi Mashafi, tangu Safinatun Najaa tunayoanzia chuoni, tunasoma kuwa mbwa mzima ni najisi nzito, huoshwa mara saba, moja kwa udongo. Hata hivyo madhehebu yetu hiyo hiyo inasema kikavu kikigusana na kikavu najisi haihami. Basi mchane akiwa mkavu, mikono mikavu, nje ya nyumba. Hapo hakuna cha kuosha, wala udhu hautenguki.

Na ndiyo njia bora hata kwa mnyama mwenyewe, kwani fundo likilowa hukaza. Anza ncha za manyoya, ushike shina ili ngozi isivutwe, ndipo ushuke taratibu. Kupe mshike kwa kibano karibu na ngozi, umvute wima bila kumpasua, usimchome moto. Dawa akuelekeze bwana mifugo, na usisahau chanjo ya kichaa cha mbwa.

Akihitaji kuoshwa, hapo unyevu upo. Vaa mipira ya mikono na nguo ya kazi. Kilichopata maji hayo, ikiwemo kitana, kioshwe mara saba, moja kwa maji yaliyochanganywa na udongo safi. Sabuni peke yake haitoshi kwa kauli yenye nguvu kwetu, ingawa Mahanbali wanaikubali. Wanazuoni wetu wamesema pia kuwa maji ya mafuriko yenye tope yanatosheleza bila kuongeza udongo. Lakini mtu asiteremke Mto Katuma kwa ajili hiyo, wenyeji wanawajua viboko wake!

Wengine hudhani mbwa akishapigwa sabuni amekuwa tohara. Kwetu sivyo, dhati yake haigeuki, kuoshwa ni kwa afya yake. Unyoya mkavu ulionata kwenye kanzu kavu hupukutwa tu, bila maji, ila uondolewe kabla ya kuswali.