Kwa Nini Ngome za Kilwa Hukarabatiwa kwa Chokaa na Si kwa Saruji

Na Afisa Habari, Ikungi

Mkazi wa Ikungi aliyekulia katika nyumba ya tembe hahitaji kuelezwa kwamba jengo huanza kufa kuanzia juu. Paa la udongo likipita msimu mmoja wa mvua bila kusiribwa upya, maji hupenya, miti inayolibeba huoza na kuta hufuata. Kanuni hiyohiyo ndiyo inayoongoza uhifadhi wa ngome za kale za Kilwa Kisiwani, mkoani Lindi, ingawa huko mafundi walitumia mawe ya matumbawe, chokaa na boriti za mikoko.

Husuni Kubwa ilijengwa mwanzoni mwa karne ya 14, juu ya genge linalotazama bahari, katika enzi ya Sultani al-Hasan bin Sulaiman. Ndiye aliyekuwa madarakani msafiri Ibn Battuta alipofika Kilwa mwaka 1331. Neno husuni lina asili ya Kiarabu na maana yake ni ngome, lakini jengo hili lilikuwa zaidi kasri la mtawala na ghala la biashara, lenye vyumba takriban 100, nyua kadhaa na birika la pembe nane. Utajiri uliolijenga ulitokana kwa kiasi kikubwa na dhahabu iliyopitia Sofala, katika Msumbiji ya leo. Sarafu yenye jina la Sultani huyo imepatikana hata Great Zimbabwe. Pamoja na fahari hiyo, wataalamu wa akiolojia wanaona kuwa kasri halikukamilika na liliachwa baada ya muda mfupi.

Ngome nyingine, iitwayo Gereza, ipo ufukoni. Wareno waliiteka Kilwa mwaka 1505, wakajenga ngome na kuondoka mwaka 1512. Kuta zinazoonekana sasa ni, kwa sehemu kubwa, kazi ya Waomani ya takriban mwaka 1800, juu ya mabaki ya Wareno. Jina lenyewe limetokana na neno la Kireno lenye maana ya kanisa. Namna lilivyogeuka kuwa mahali pa kufungia wahalifu ni habari ya siku nyingine.

Magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara yaliingizwa katika Orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1981. Mwaka 2004 yaliwekwa katika orodha ya urithi ulio hatarini, kwa kuwa kuta zilikuwa zikianguka, mizizi ilikuwa imezipasua na mawimbi yalikuwa yakila ufuko. Ilichukua miaka 10 ya kazi, kwa msaada wa mataifa rafiki yakiwemo Japani, Norwei na Ufaransa, hadi yalipoondolewa katika orodha hiyo mwaka 2014.

Swali linaloulizwa mara nyingi ni kwa nini mafundi wasitumie saruji, ambayo ni ngumu, hupatikana dukani na hukauka haraka. Jibu lipo katika maji. Jiwe la matumbawe lina vitundu vingi na hufyonza unyevu, hasa unyevu wenye chumvi utokao baharini. Chokaa huruhusu unyevu huo kutoka taratibu. Saruji huuziba, chumvi hukusanyika nyuma yake, huganda na kulimeng'enya jiwe, hata ikafika siku kipande cha saruji kikabaki kizima huku ukuta uliokusudiwa kuokolewa ukiwa unga. Ndiyo maana fundi hurudi kwenye njia ya zamani: chokaa iliyochomwa, ikazimuliwa kwa maji na kuachwa ikae muda mrefu kabla ya kuchanganywa na mchanga. Ni kazi ya subira, na kwa maoni ya mwandishi, hapo ndipo miradi mingi ya ukarabati hushindwa, kwa sababu bajeti huwa na tarehe ya mwisho.

Miti nayo ina utaratibu wake. Shina lililoota ndani ya ukuta haling'olewi, kwa kuwa mara nyingi mizizi ndiyo inayoyashika mawe. Hukatwa na kuuawa palepale, kisha nyufa hujazwa. Upande wa bahari, kinga imejumuisha upandaji wa mikoko, ambayo hupunguza nguvu ya mawimbi. Wala lengo si kulifanya gofu lifanane na jengo jipya. Husuni Kubwa haitaezekwa; kinachotafutwa ni ukuta uliopo leo usipotee kesho.

Kwa wananchi wa Ikungi, suala hili lina upande wa kisheria. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 huyalinda moja kwa moja majengo yaliyojengwa kabla ya mwaka 1863. Kilwa imo ndani ya ulinzi huo. Tembe za Wanyaturu zilizosimama hadi sasa, pamoja na majengo ya enzi ya Wajerumani mkoani Singida, ni za baadaye, hivyo hulindwa pale tu Waziri mwenye dhamana anapoyatangaza. Tembe lisilotangazwa linaweza kubomolewa leo kupisha nyumba ya bati bila sheria hiyo kuvunjwa. Mwenye jengo la aina hiyo, au anayelifahamu, anaweza kumweleza Afisa Utamaduni wa Halmashauri ya Wilaya kabla kuta hazijaguswa, ili angalau lipimwe na kupigwa picha.