Nyoka Huenda Wapi Theluji Ikianguka?

Jumamosi iliyopita, hata maamkizi hatujamaliza, mtoto mmoja wa darasa la kati aliniuliza, “Mwalimu, nyoka analala wapi baridi ikija?” Hakuuliza bure. Wiki hiyo baba yake alimuua nyoka kwa koleo karibu na msingi wa nyumba, na mtoto akalia. Baba naye alinivuta pembeni akasema, kwa aibu kidogo, kwamba kwao nyoka hahojiwi. Namwelewa. Mwaka wangu wa kwanza hapa Manitoba nilimpiga mmoja kwa ufagio, kisha nikampigia jirani simu huku natetemeka. Sisi tumekua tukijua swila na kifutu, na mtu aliyeumwa na kifutu nimemuuguza wodini. Si mchezo.

Lakini huyu wa hapa ni mwingine. Anaitwa gata. Ni mwembamba, ana mistari mitatu ya njano tangu shingoni hadi mkiani, na wa kwetu ana wekundu ubavuni. Chakula chake ni vyura na nyungunyungu, na hana sumu ya kumdhuru mtu. Ukimshika kwa nguvu atakupaka uchafu unaonuka vibaya sana. Basi.

Sasa swali la mtoto. Mimi na wewe tuna jiko ndani ya mwili. Nikikupima ukiwa jikoni au kwenye theluji, nitakuta nyuzijoto 37 au karibu na hapo. Nyoka hana jiko hilo. Joto la mwili wake hufuata joto la mahali alipo: jiwe likiwa na nyuzijoto 4, naye atakuwa kwenye 4. Kwa hiyo hatafuti mahali pa joto kama paka wako anavyotafuta. Anatafuta mahali ambapo maji hayagandi.

Mahali hapo pako chini. Huku juu baridi inaweza kufika 30 chini ya sifuri, lakini ukichimba vya kutosha utavuka udongo ulioganda na kukuta ardhi isiyoganda. Theluji yenyewe inasaidia, maana inaifunika ardhi kama blanketi. Tatizo ni kwamba gata hawezi kuchimba. Anategemea nyufa, mashimo ya wanyama wengine, au mapango. Ndiyo maana Narcisse, kama kilomita 130 kaskazini ya Winnipeg, pamejaa nyoka. Chini ya ardhi ya pale kuna mawe ya chokaa, na maji ya mvua yameyala kwa miaka mingi hadi yakaacha mashimo na nyufa ndefu. Makumi ya maelfu ya nyoka huingia humo pamoja. Wengine hutoka kwenye vinamasi vilivyo zaidi ya kilomita 15, na kila mwaka hurudi.

Kabla ya kuingia wanaacha kula. Mwili ukiwa baridi hausagi chakula, na kilichobaki tumboni kingeoza. Wanaishi kwa mafuta waliyojiwekea wakati wa joto. Moyo unadunda mara chache tu kwa dakika. Mgonjwa wangu angekuwa na mapigo kama hayo ningemwita daktari mbio. Wengine hata hukaa wamezama kwenye maji ya chini ya ardhi, wakipata oksijeni kupitia ngozi. Inawatosha, kwa sababu mwili wa baridi namna ile unahitaji kidogo sana.

Je, wakiganda? Kuna chura wa msituni huku anayeweza kuganda kama jiwe wiki kadhaa, kisha akarudi kuruka. Gata hana uwezo huo. Anaweza kuvumilia barafu mwilini kwa saa chache, kwa mfano usiku mmoja wa baridi ya ghafla, lakini ikizidi hapo anakufa. Mwaka 1999 makumi ya maelfu ya nyoka wa Narcisse walikufa kwa hali mbaya ya hewa. Wengine wengi walikuwa wakikanyagwa na magari kwenye barabara kuu namba 17 wakienda mapangoni, mpaka zikawekwa fensi na vijia vya kupita chini ya lami.

Wazazi, mkiona gata akiingia kwenye ufa wa msingi mwezi huu, ameshachagua chumba chake. Msizibe ufa sasa, mtamfungia ndani. Zibeni kiangazi, wakiwa wote wametoka. Baba wa yule mtoto ameniambia saruji yake itasubiri hadi Julai. Koleo sikumuuliza.

Mwisho wa Aprili na Mei, jua likipasha mawe, madume hutoka kwanza na kungoja mlangoni. Jike akitokea, wanamzingira kwa makumi hadi wanakuwa kama mpira wa nyuzi unaotembea. Tutakwenda kuona. Njia ya pale ina kilomita 3 na inapita mapango manne, kwa hiyo watoto waje na mabuti na kofia. Bibi wanaoogopa wanaweza kubaki garini na mimi sitawacheka. Chupa ya chai ya maziwa nitawaachia huko.